Kiberiti cha Mikorosho: Historia ya Salfa Masasi na Newala

Wanakemia wa kale wa Uarabuni waliamini kwamba kila metali, kuanzia risasi hadi dhahabu, imezaliwa na wazazi wawili: zebaki na kiberiti. Nadharia hiyo inanasibishwa na Jabir ibn Hayyan wa karne ya 8, na kwa mamia ya miaka ndiyo iliyowaongoza watu waliokesha mbele ya tanuri wakitafuta njia ya kuigeuza risasi iwe dhahabu. Waarabu wakabaki na msemo wa kiberiti chekundu, maana yake kitu adimu ambacho mtu anaweza kukisaka maisha yake yote asikipate. Neno hilo likavuka bahari likaingia katika Kiswahili, na kabla halijawa jina la kijiti cha kuwashia moto lilikuwa jina la jiwe la njano lenye harufu kali. Wazee wa pwani waliliita kiberiti upele, kwa sababu lilitumika kutibu ngozi yenye upele. Leo katika vijiji vya Masasi na Newala jiwe hilohilo linaitwa salfa. Linakuja likiwa unga, katika mifuko ya kilo 25, na watu wengi hawahitaji hata kulitaja jina. Wakisema dawa imefika, kila mtu anajua ni dawa gani.

Neno dawa katika Kiswahili hubeba mizigo miwili: ya hospitali na ya mganga. Salfa imebeba yote miwili. Ni kemikali yenye kanuni zinazoelezeka, lakini imesimuliwa na kusubiriwa kana kwamba ina nguvu isiyo ya kawaida: ikifika watu wanasomesha watoto na kuezeka nyumba kwa bati, isipofika mikorosho inanyauka maua. Makala haya yanafuatilia jinsi madini yasiyochimbwa hata gramu moja mkoani Mtwara yalivyopata kushika maisha ya watu wa uwanda wa Makonde na bonde la Masasi chini yake. Hoja ninayoitetea ni kwamba salfa kweli iliufufua mkorosho, ila nguvu yake haikukaa katika jiwe. Ilikaa katika miadi: dawa ifike siku yake, mikononi mwa mtu mwenye sababu ya kuitumia, kwa bei asiyoikimbia. Kila miadi hiyo ilipotimizwa, unga wa njano ulionekana kama muujiza. Kila ilipovunjwa, ulirudi kuwa unga tu.

Nchi kavu na mti wa ng'ambo: hadi 1945

Aliyesimama Shimo la Mungu mjini Newala, pale ukingo wa uwanda unapoporomoka kuelekea bonde la Ruvuma, ameiona tabia ya nchi hii kwa mtazamo mmoja. Juu ni tambarare yenye udongo wa kichanga, na mvua yake ni ya msimu mmoja, kuanzia Novemba hadi Aprili au Mei. Mvua hiyo si haba, lakini mchanga huinywa yote. Mito na chemchemi ziko chini, kwenye miguu ya mteremko, na kwa vizazi vingi wanawake walishuka na kupanda ukingo huo na mitungi kichwani. Karl Weule, mtaalamu wa Kijerumani aliyepita Masasi na Newala mwaka 1906, alishangazwa na watu waliochagua kuishi mbali na maji kiasi hicho. Uchaguzi huo ulikuwa na maana yake. Vichaka vya uwanda vilikuwa ngome katika karne ya misafara ya watumwa na mashambulizi ya wapiganaji kutoka magharibi. Masasi, iliyo chini kati ya vilima vya mawe, haikuwa na ngome hiyo: misheni iliyoanzishwa na Waanglikana mwaka 1876 kwa ajili ya watumwa walioachiwa huru ilivamiwa mwaka 1882, kisha ikachomwa mwaka 1905 wakati wa vita vya Majimaji.

Ukosefu huu wa maji ndio ufunguo wa historia yote inayofuata. Mazao ya biashara ambayo wakoloni waliyasukuma kwingine, kama kahawa na chai, hayakuwa na nafasi hapa. Wanaume waliohitaji fedha ya kodi waliondoka kwenda kuwa manamba katika mashamba ya mkonge. Mkorosho ulikuja ukiwa jibu ambalo hakuna aliyelipanga. Wareno waliutoa Brazili na kuuleta pwani ya Msumbiji katika karne ya 16, nao ukasambaa taratibu kuelekea kaskazini kwa mikono ya watu na matumbo ya wanyama waliopenda mabibo yake. Mti huu unastahimili kichanga, mizizi yake inashuka kuyafuata maji ambayo mtungi hauyafikii, na maua yake hutoka wakati wa kiangazi. Nchi kavu ilikuwa imepata mti wake.

Miaka ya neema: 1945 hadi 1974

Baada ya Vita Kuu ya Pili, kilimo cha korosho kilienea bila kishindo. Wakati huohuo serikali ya Uingereza ilikuwa ikizika mamilioni ya pauni katika mpango wa karanga wa Nachingwea, ulioanza mwaka 1947 ukafa mwanzoni mwa miaka ya 1950, ukiacha nyuma bandari ya Mtwara na reli ambayo nayo ilifungwa muda si mrefu baada ya uhuru. Mpango mkubwa wenye matrekta ulishindwa, na wakulima wadogo wenye majembe ya mkono walifaulu jirani yake. Walipanda mikorosho katikati ya mihogo, mtama na kunde. Walipohamisha shamba la chakula, mikorosho ilibaki nyuma ikikua. Uzalishaji wa nchi uliokuwa takriban tani 7,000 mwaka 1945 ulifika tani 145,000 katika msimu wa 1973/74, na sehemu kubwa ilitoka kusini. Tanzania na Msumbiji zikawa miongoni mwa wazalishaji wakubwa kabisa duniani.

Katika miaka hiyo yote mkulima hakuhitaji dawa yoyote. Jambo hili tulikumbuke, kwa sababu leo kuna vijana wanaoamini kwamba mkorosho hauzai bila salfa, kama vile gari lisivyotembea bila mafuta. Kazi ya mkulima wakati ule ilikuwa palizi, kuokota na kubangua au kuuza. Mti ulijitunza kwa sababu mwenye mti alikuwa anaishi chini yake.

Anguko: 1974 hadi 1987

Kilichofuata ni mojawapo ya maporomoko makubwa ya zao la biashara katika historia ya Tanzania. Kutoka tani 145,000, nchi ilishuka hadi takriban tani 16,500 katika msimu wa 1986/87. Viwanda zaidi ya kumi vya kubangua vilivyojengwa kwa mikopo, Benki ya Dunia ikiwa miongoni mwa wakopeshaji, vikiwemo vya Masasi na Newala, vilikosa korosho za kubangua na vingi vikafunga milango.

Simulizi ya haraka husema kilichoua korosho ni ubwiriunga, ule ukungu mweupe kama unga wa muhogo unaotanda kwenye majani machanga na mashada ya maua mpaka yanakuwa meusi na kukauka. Simulizi hiyo haisimami mbele ya tarehe. Ugonjwa huu uliripotiwa nchini mwaka 1979, na kufikia hapo mavuno yalikwisha kushuka zaidi ya nusu. Chanzo cha kwanza kilikuwa kwingine. Mtwara ilikuwa mkoa wa mpakani wakati wa vita vya ukombozi wa Msumbiji na ilikuwa miongoni mwa mikoa ya mwanzo kukusanya watu katika vijiji vya ujamaa. Kufikia katikati ya miaka ya 1970 uhamiaji ulikuwa umekwisha kuwa amri nchi nzima. Familia zilijikuta zikiishi kilomita kadhaa kutoka kwenye mikorosho yao. Vyama vya ushirika vilivunjwa mwaka 1976, na ununuzi ukabaki mikononi mwa mamlaka moja ya umma. Sehemu ya bei ya dunia iliyomfikia mkulima ikazidi kupungua. Mtu aliyelazimika kutembea nusu siku kwenda kuokota korosho za bei ya kutupa aliamua, kwa akili timamu, kubaki nyumbani akapande muhogo.

Je, basi ubwiriunga ulikuwa kisingizio tu? Hapana, na hapa ndipo wanaoilaumu siasa peke yake wanapoteleza. Mikorosho iliyotelekezwa ilisongamana, matawi yakaingiliana, na machipukizi laini yakaota ovyo chini ya mashina. Kwenye uwanda, ambako usiku wa kiangazi ni wa baridi na alfajiri ina umande, hicho ndicho kitanda cha ukungu. Ugonjwa ulipofika uliikuta nyumba haina mwenyewe. Ukaigeuza hasara ya muda ikawa ya kudumu, kwa maana sasa hata mkulima aliyeamua kurudi shambani, akapalilia na kupogoa, aliona maua yake yakikauka mbele ya macho yake. Pale ambapo mti haukutibiwa, ukungu uliweza kuchukua asilimia 70 ya mavuno au zaidi. Siasa ilifungua mlango, na ukungu ukaingia ukaufunga kwa ndani. Ndiyo maana kurekebisha siasa peke yake kusingetosha kuufungua tena.

Unga wa njano: 1987 hadi 2000

Dawa iliyotafutwa ilikuwa imekwisha kupatikana mahali pengine, zaidi ya karne moja kabla. Mwaka 1845 ukungu wa jamii hiyohiyo ulionekana kwenye mizabibu karibu na mji wa Margate nchini Uingereza, katika bustani iliyotunzwa na Edward Tucker. Katika miaka michache ulivuka hadi Ufaransa, na mavuno ya mvinyo ya mwaka 1854 yakawa kati ya madogo kuliko yote ya karne hiyo. Wafaransa waliokoa mizabibu yao kwa kuinyunyizia unga wa kiberiti, na Henri Marès wa Montpellier ndiye aliyetengeneza utaratibu wa kufanya hivyo kwa vipindi maalumu. Kiberiti chao kilitoka Sicilia, katika machimbo ambayo watoto walibeba mawe mgongoni. Leo sehemu kubwa ya salfa ya dunia haichimbwi tena: hutolewa kwenye mafuta na gesi wakati wa kuyasafisha. Hata gesi ya Mnazi Bay, iliyogunduliwa mwaka 1982 si mbali na mji wa Mtwara, haiwezi kusaidia, kwa kuwa ni safi mno na karibu haina salfa ndani yake. Madini haya yamekuja uwandani yakiwa mgeni kila msimu, kupitia bandarini.

Kazi ya kuyageuza yawe dawa ya mkorosho ilifanyika Naliendele, kituo cha utafiti wa kilimo nje kidogo ya mji wa Mtwara. Kufikia mwishoni mwa miaka ya 1980 watafiti kama Sijaona na Shomari walikuwa wameonyesha kwamba salfa inazuia ubwiriunga, na majaribio ya miaka iliyofuata, yakisaidiwa na Uingereza na Benki ya Dunia, yakaweka vipimo: takriban gramu 250 kwa mti kwa kila mpulizo, mara tano hivi kwa msimu, kwa kuachana wiki mbili. Hesabu yake ni rahisi na kila mkulima anaijua. Mti mmoja unahitaji kilo moja na robo. Mfuko mmoja unatosha miti 20. Mwenye miti 200 anahitaji mifuko 10, pamoja na mashine ya kupulizia au fedha ya kumlipa mwenye mashine, na petroli ya kuiendesha.

Kwa nini salfa, wakati zilikuwepo dawa nyingine za ukungu, zenye nguvu na zinazotumika kwa kiasi kidogo sana? Jibu liko Shimo la Mungu. Dawa nyingi za kisasa lazima zichanganywe na maji kabla ya kupulizwa. Katika nchi ambayo maji ya kunywa yalihitaji mradi mzima wa pampu kuyapandisha kutoka bondeni, na ambako pampu zikiharibika ndoo huuzwa, kuomba maji ya kuogeshea mamia ya mikorosho lilikuwa ombi zito. Salfa ni kavu. Inakwenda kama ilivyo kutoka mfukoni hadi kileleni mwa mti. Kinachohitajika ni umande tu, unaolowesha jani na kuushika unga, na umande ndio maji pekee ambayo uwanda hutoa bure wakati wa kiangazi. Kwa hiyo wapuliziaji huamka usiku, wakaweka mashine mgongoni, na kabla jua halijapanda na upepo kuanza, wingu la njano huwa limekwisha kutua juu ya mashamba. Madini yaliyofaa nchi hii yalikuwa yale yanayofanana nayo.

Jinsi salfa inavyofanya kazi ndiko iliko siri ya kila kilichotokea baadaye. Salfa haimponyi mgonjwa. Inakaa juu ya jani na ua, na jua likipasha, mvuke wake huzuia mbegu za ukungu zisiote. Ua lililokwisha kuwa jeusi halirudi hata likifunikwa kilo nzima. Mikorosho ya kusini huchanua kuanzia Juni hadi Septemba, hivyo salfa ya Juni ni mavuno ya Novemba, na salfa ya Oktoba ni unga uliomwagwa. Zaidi ya hapo, mbegu za ukungu husafiri kwa upepo. Mkulima mwenye bidii aliyezungukwa na mashamba yasiyopulizwa anapigana na adui asiyekwisha. Dawa hii ina masharti, kama zile za hadithini, ila masharti yake hayahitaji kafara. Yanahitaji kalenda na jirani.

Mwaka 1991/92 biashara ya korosho ilifunguliwa, wanunuzi binafsi wakarudi, na bei ikapanda. Watu nao walikuwa wamekwisha kurudi taratibu kwenye mashamba ya zamani. Kufikia msimu wa 1999/2000 nchi ilivuna zaidi ya tani 120,000. Wapo wanaosema kwamba kilichofufua korosho ni soko huria, na salfa ilisindikiza tu. Hoja hii ina nusu ya ukweli. Bila bei nzuri, mkulima asingetoa fedha kununua mfuko hata mmoja. Lakini bei haioteshi ua. Soko lingeweza kumrudisha mtu shambani, na angekuta mashada meusi yaleyale yaliyomfukuza. Aidha, soko lenyewe lilibomoa kitu ambacho salfa ilikihitaji: mkopo. Zamani ushirika uliweza kumpa mwanachama pembejeo na kukata deni wakati wa mauzo. Wanunuzi walipokuwa wengi, mdaiwa aliweza kumuuzia mwingine, na mkopeshaji akaogopa kukopesha. Dawa ilihitajika mwezi Juni, wakati nyumba nyingi hazina fedha. Fedha ilikuja Novemba, wakati dawa haina kazi. Pengo hilo la miezi mitano ndilo lililoandika sura iliyofuata.

Nani alipe, na lini: 2000 hadi 2018

Wa kwanza kuliziba pengo hilo walikuwa wafanyabiashara wa kangomba. Kangomba ni ununuzi wa korosho kabla ya msimu: mtu anapewa fedha, chakula au salfa wakati wa njaa, naye anaahidi korosho ambazo bado ni maua. Ni rahisi kumlaani mnunuzi wa kangomba, na serikali imemlaani mara nyingi. Lakini alikuwapo kwa sababu alitimiza miadi ambayo taasisi zilizoheshimika hazikuitimiza. Alifika mapema. Gharama yake ilikuwa kwamba mkulima alipata mavuno mengi kwa salfa, kisha faida ya mavuno hayo ikaondoka naye.

Mfumo wa stakabadhi ghalani, ulioanza Mtwara katika msimu wa 2007/08, ulilenga kuirudisha faida hiyo. Korosho hupelekwa chama cha msingi, zikapimwa na kupelekwa ghala kuu, kisha zikauzwa kwa mnada. Vyama vikuu vikashika usukani: MAMCU kwa Masasi na Mtwara, TANECU kwa Tandahimba na Newala. Jambo la pili lilikuwa ushuru wa korosho ghafi zinazosafirishwa nje. Sheria ilielekeza asilimia 65 ya ushuru huo irudi kuendeleza zao lenyewe, na sehemu ya fedha hiyo ikanunua pembejeo. Hapa kwa mara ya kwanza palipatikana mzunguko kamili: korosho za Novemba zililipia salfa ya Juni. Pengo la miezi mitano likazibwa kwa mpango, pasipo mkulima kuuza maua yake.

Mzunguko huo ulikuwa na matundu. Malalamiko ya makato yasiyoeleweka na malipo yanayochelewa yalisikika kusini kote. Hata hivyo matokeo yaliongea. Mwaka 2017 serikali iligawa salfa bila malipo, na msimu wa 2017/18 uliweka rekodi ya wakati huo: zaidi ya tani 313,000, huku kilo moja mnadani ikifika shilingi 4,000 na zaidi. Itakuwa si haki kuipa salfa sifa zote. Mikorosho mipya ilikuwa imepandwa kwa wingi, miche bora iliyozalishwa Naliendele ilikuwa imeanza kuzaa, na bei ya miaka iliyotangulia iliwapa watu moyo. Lakini salfa ndiyo iliyoliwezesha shamba la mnyonge kupulizwa sawa na la tajiri, na kwa ugonjwa unaosafiri kwa upepo, shamba la mnyonge likipulizwa, la tajiri nalo linapona.

Kisha miadi ikavunjwa. Katikati ya mwaka 2018 Bunge lilipitisha mabadiliko yaliyoupeleka ushuru wote katika Mfuko Mkuu wa Serikali, licha ya upinzani mkali wa wabunge wa kusini. Novemba mwaka huohuo, wanunuzi walipotoa bei ambazo wakulima walizikataa, Rais John Magufuli aliagiza serikali inunue korosho zote kwa shilingi 3,300 kwa kilo, na malori ya jeshi yakaingia Mtwara kusomba mzigo. Nia ilikuwa kumlinda mkulima, na bei iliyotangazwa ilikuwa bora kuliko iliyokuwa mezani. Lakini uhakiki wa wenye mashamba ulikuwa mrefu, na wengi walisubiri malipo kwa miezi. Kwa mtu wa mbali kuchelewa huko ni usumbufu wa kawaida. Kwa mkorosho, malipo yakivuka Juni msimu unaofuata umekwisha guswa. Mavuno yalishuka hadi takriban tani 225,000 msimu huo, na kwa miaka kadhaa iliyofuata hayakuifikia rekodi ya 2017/18.

Tangu 2018: dawa bure, na maswali yake

Mwanzoni mwa miaka ya 2020 serikali ilirudi kugawa salfa na viuatilifu vya maji kwa ruzuku kwa wakulima walioandikishwa. Hapa tunapata jaribio zuri la hoja yangu. Kama nguvu ingekuwa katika jiwe, kila msimu wa dawa ya bure ungekuwa wa neema. Haikuwa hivyo. Msimu wa 2022/23 ulileta tani 189,000 hivi tu, pungufu hata ya miaka iliyotangulia, kisha 2023/24 ukarudi kwenye tani 310,000, na 2024/25 ukavuka tani 500,000, kiasi ambacho hakikuwahi kuonekana kabla ya hapo. Hali ya hewa ilichangia kupanda na kushuka huko, na umri wa mikorosho mipya pia. Ndiyo kusema salfa ni sharti moja kati ya kadhaa. Kuigawa ni jambo moja, na kuigawa mapema, kwa orodha ya kweli ya wenye miti, ni jambo jingine.

Yapo mapingamizi mawili mazito zaidi dhidi ya mtu yeyote anayeisifu salfa, nami sitaki kuyapita kando. La kwanza ni la udongo. Unga unaodondoka chini haupotei. Bakteria wa ardhini huugeuza asidi, na mchanga wa uwanda una uwezo mdogo wa kuistahimili. Utafiti wa Majule na wenzake uliochapishwa mwaka 1997 ulithibitisha kwamba upuliziaji wa salfa unaongeza uchachu wa udongo kusini mwa Tanzania. Mkorosho huvumilia uchachu. Kunde, karanga na mahindi yanayopandwa kati ya mistari havivumilii kiasi hicho. Kwa maneno mengine, dawa inayoleta fedha inaweza kukopa kutoka kwenye sufuria ya nyumba hiyohiyo. Pingamizi hili ni la kweli, na jibu lake halihitaji kuacha salfa. Kuna chokaa ya kutuliza asidi, kuna kupogoa na kuondoa machipukizi ya chini ili ukungu ukose makazi, na kuna miche ya Naliendele inayostahimili ubwiriunga zaidi. Yote hayo hupunguza mifuko inayohitajika kwa kila mti. Ila mkulima anayepewa salfa bure bila kupewa chokaa wala elimu ya kupogoa anafundishwa kumwaga zaidi. Ruzuku ya kitu kimoja tu ni fundisho lenye makosa.

La pili ni la mwili. Anayebeba mashine alfajiri anarudi akiwa wa njano, macho yakiwasha na kifua kikibana. Mara nyingi ni kijana wa kukodiwa ambaye hata mkorosho mmoja hana. Historia ya kiberiti imejaa watu wa namna hiyo, tangu wale watoto wa Sicilia. Haikubaliki kwamba ruzuku ya mabilioni ya shilingi inunue unga na isinunue miwani na barakoa ya mtu anayeurusha hewani. Hili halihitaji utafiti mpya. Linahitaji kuandikwa katika orodha ileile ya pembejeo.

Ukizipanga sura hizi kwa mfuatano, kinachoonekana ni kwamba korosho za Masasi na Newala zimeanguka mara mbili, na mara zote mbili si kwa kukosa elimu ya mti. Katika miaka ya 1970 watu walitenganishwa na miti yao. Mwaka 2018 fedha ya zao ilitenganishwa na zao lake. Kila mara mti ulipoinuka ni kwa sababu vitu hivyo vilirudishwa pamoja, na salfa ikapata mahali pa kufanyia kazi. Kwa hiyo swali la kuuliza kila mwaka si tani ngapi za salfa zimeagizwa, ingawa ndilo linalosomwa bungeni na magazetini. Swali ni mifuko mingapi imo ndani ya maghala ya vyama vya msingi Kitangari, Lulindi na Chiwata kabla ua la kwanza halijafunguka, na ni nani aliyeilipia.

Wale waliokesha kwenye tanuri wakitafuta kiberiti chekundu waliamini kwamba siri imo ndani ya jiwe, na kwamba wakilipata lililo safi vya kutosha dhahabu itakuja yenyewe. Uwandani jiwe limepatikana, la njano na la kawaida, na linaweza kununuliwa kwa shehena. Kilichobaki kuwa adimu ni mwezi Juni unaokuta dawa imekwisha fika.